Kitenzi 'Kuflashi' na Uhai wa Ubao Mama: Wito kwa Wanafunzi wa Kiswahili

Miongoni mwa vitenzi vya kukopa vilivyozoeleka katika Kiswahili cha Kenya, ni vichache vilivyobebeshwa maana nyingi kama kitenzi 'kuflashi'. Mwanafunzi asiye na salio humflashi mzazi wake, yaani humpigia simu na kuikata kabla haijapokewa, tendo ambalo Watanzania hulitaja kwa kitenzi 'kubipu'. Fundi wa simu huiflashi simu iliyokwama kwa kuiondolea programu zake na kuisakinishia nyingine. Flashi, ikiwa nomino, ni kile kifaa kidogo cha kuhifadhia data ambacho wengi hukifunga pamoja na funguo zao. Na fundi wa tarakilishi, aliyeinamia kazi yake katika kibanda kimojawapo cha barabara ya Luthuli jijini Nairobi, naye husema kwamba anaiflashi BIOS. Katika matumizi ya kwanza, anayekosea maana hupata hasara ndogo. Katika matumizi haya ya mwisho, hasara yaweza kuwa mashine nzima.

Makala haya yanadai kwamba neno hilo moja linaficha matendo matano yaliyo tofauti kabisa: kutambua, kusoma, kufuta, kuandika na kuhakiki. Yanadai pia kwamba makosa yanayoiua mashine mikononi mwa fundi mwanagenzi hutokea hasa katika yale matendo ambayo neno hilo halimkumbushi. Dawa ya tatizo hili si kubuni istilahi nzito zitakazobaki kabatini. Vitenzi vinavyohitajika vimo tayari katika Kiswahili cha kila siku. Linalokosekana ni mtu wa kuvipanga na kuviandika, na mtu huyo angepaswa kuwa mwanafunzi wa Kiswahili.

Mashine kabla ya kuamka

Ubao mama, ambao mafundi huuita madabodi, ndio ubao mkuu unaounganisha viungo vyote vya tarakilishi. Juu yake hukaa chipu ndogo, aghalabu yenye miguu minane, isiyozidi ukubwa wa ukucha wa kidole kidogo. Ndani ya chipu hiyo mmehifadhiwa programu dhibiti iitwayo BIOS, yaani mfumo wa msingi wa kupokea na kutoa data. Mtumiaji anapobonyeza kitufe cha kuwashia, programu hii ndiyo hutangulia: hukagua kumbukumbu, hutambua diski, huamsha kiwambo, kisha huikabidhi mashine kwa mfumo endeshi kama vile Windows au Linux. Katika mashine za miaka ya karibuni, nafasi ya BIOS ya kale imechukuliwa na mfumo mpana zaidi uitwao UEFI, ambao jumuiya yake ya kuusimamia iliundwa mwaka 2005. Hata hivyo, mafundi wameendelea kuuita BIOS, na makala haya yanafuata desturi yao.

Neno BIOS lilitumiwa na Gary Kildall katika mfumo wake wa CP/M miaka ya 1970. Kampuni ya IBM ilipotoa tarakilishi yake ya kibinafsi mwaka 1981, BIOS yake ilikuwa katika chipu isiyoweza kuandikwa upya na mtumiaji. Iliyotoka kiwandani na kosa ilibaki na kosa hilo hadi chipu ibadilishwe. Hali hiyo ilibadilika pale chipu za hifadhi mweko, ambazo kwa kawaida huitwa flashi, zilipoanza kutumika katika mbao mama kwenye miaka ya 1990. Mvumbuzi wa hifadhi hiyo ni Mjapani Fujio Masuoka, aliyeitangaza mwaka 1984 akiwa katika kampuni ya Toshiba. Inasimuliwa kwamba jina 'flashi' lilipendekezwa na mwenzake kwa kuwa kufutika kwa data kulimkumbusha mmweko wa kamera.

Simulizi hiyo ina funzo kwa mwanaisimu. Asili ya jina hili si kuandika, bali ni kufuta. Hivyo, kitenzi 'kuflashi' kinapotumiwa kwa kazi nzima, kinaitaja kazi hiyo kwa tendo lake la hatari kuliko yote, huku matendo yanayolitangulia na yanayolifuata yakiachwa bila jina. Mwanagenzi anayeambiwa na bwana wake, "Flashi hiyo bodi," hajaambiwa kwamba kuna jambo la kufanya kabla ya kufuta, wala kwamba kuna jambo la kufanya baada ya kuandika.

Kwamba kufuta ni tendo la hatari si nadharia tupu. Tarehe 26 Aprili 1999, kirusi cha CIH, kilichoandikwa na Chen Ing-hau wa Taiwan, kililipuka katika mashine nyingi duniani. Wengi walikiita Chernobyl kwa kuwa tarehe hiyo iligongana na ile ya ajali ya kinu cha nyuklia ya mwaka 1986. Mbali na kuharibu data katika diski, kirusi hicho kilijaribu kuandika takataka katika chipu ya BIOS, na palipofanikiwa, mashine haikuamka tena hadi chipu ilipoandikwa upya au kubadilishwa. Fundi anayeandika faili isiyofaa hutenda kwa nia njema kile ambacho kirusi hicho kilitenda kwa nia mbaya, na chipu haitofautishi nia hizo mbili.

Kutambua: jina la kasha na jina la ubao

Tendo la kwanza ni kutambua, na hapa ndipo kazi inapofanana mno na kazi ya mwanafunzi wa lugha, kwa kuwa ni kazi ya kusoma alama ndogo na kujua zinatofautisha nini. Fundi mwenye haraka husoma jina lililoandikwa juu ya kasha la mashine, akalitafuta mtandaoni, akapakua faili ya kwanza anayoiona. Lakini jina la kasha ni jina la biashara. Mashine mbili zenye jina moja zaweza kuwa na mbao mama mbili tofauti, kwa sababu mtengenezaji alibadilisha viungo kati ya mwaka mmoja na mwingine. Jina la kutegemewa ni lile lililochapwa kwenye ubao wenyewe. Gigabyte, mathalani, huchapa kwenye mbao zake nambari ya toleo, kama vile 1.0 au 2.0, na fundi hutakiwa kuchagua faili ya toleo lile lile aliloliona kwa macho yake. Vipakatalishi vingi navyo huundwa na kampuni za kandarasi kwa niaba ya wenye jina. Mbao zinazoundwa na Compal, kwa mfano, huwa na nambari zinazoanza kwa herufi LA. Nambari hiyo ndiyo kitambulisho cha ubao.

Mfano mmoja utatosha. ThinkPad X230, kipakatalishi kilichotolewa na Lenovo mwaka 2012, ni miongoni mwa mashine imara zinazoendelea kutumiwa miaka mingi baada ya kutoka kiwandani. Ipo pia mashine iitwayo X230 Tablet, yenye kiwambo kinachozunguka. Kwa sikio la mteja, hizo ni ndugu wawili wa jina moja. Lakini matoleo ya BIOS ya ile ya kwanza huanza kwa herufi G2ET, na ya ile ya pili huanza kwa GCET. Ni familia mbili, na faili ya mmoja haikukusudiwa mwingine.

Baada ya ubao, fundi hana budi kuitambua chipu. Maandishi yaliyo juu yake ni madogo kiasi cha kuhitaji kioo cha kukuzia, lakini kila herufi ina kazi. Chukua chipu ya Winbond iliyoandikwa W25Q64FV. Nambari 64 ni ujazo wake, lakini kipimo chake ni megabiti wala si megabaiti. Kwa kuwa baiti moja ni biti 8, chipu hiyo hubeba megabaiti 8, yaani baiti 8,388,608 kamili. Yenye nambari 128 hubeba megabaiti 16. Faili inayopaswa kujaza chipu nzima lazima iwe na ukubwa huo, bila kuzidi wala kupungua hata baiti moja.

Herufi za mwisho zina uzito zaidi. Chipu ya W25Q64FV hutumia umeme wa takriban volti 3.3. Chipu ya W25Q64FW hutumia takriban volti 1.8. Tofauti ni herufi moja tu, V kwa W. Mwanafunzi aliyesoma fonolojia ya Kiswahili anajua jambo hili kwa jina la jozi mlinganuo finyu: sauti moja ikibadilika, 'pata' huwa 'bata', na maana hubadilika kabisa. Katika meza ya fundi, anayeisoma W kana kwamba ni V huipelekea chipu umeme unaokaribia mara mbili ya ule inaoustahimili, na chipu yaweza kuungua kabla hata ya kusomwa. Isitoshe, baadhi ya vifaa vya bei nafuu vya kuandikia chipu, vinavyotumia kijenzi cha CH341A, hupeleka volti 5 katika nyaya za data ingawa mnunuzi hudhani ni 3.3. Kuvitambua vifaa hivyo ni sehemu ya kazi, sawa na kuutambua ubao.

Kusoma: akiba haiozi

Tendo la pili ni kusoma, yaani kunakili yaliyomo katika chipu kabla ya kuyagusa. Hili ndilo tendo ambalo mwanagenzi huliruka mara nyingi kuliko yote, kwa hoja kwamba yaliyomo yameharibika na hayana faida. Hoja hiyo ni potofu. Hata BIOS iliyoharibika aghalabu ina sehemu zilizo salama ambazo haziwezi kupatikana popote pengine duniani.

Ile X230 iliyotajwa hapo juu inalidhihirisha jambo hili. Ubao wake una chipu mbili, moja ya megabaiti 8 na nyingine ya megabaiti 4, ambazo mashine huziona kama hifadhi moja ya megabaiti 12. Hifadhi hiyo imegawanywa katika maeneo manne. La kwanza ni ramani ndogo inayoeleza mipaka ya maeneo mengine. La pili ni la mawasiliano ya waya, ambamo mmeandikwa anwani ya pekee ya kadi ya mtandao. La tatu, lenye takriban megabaiti 5, ni la Intel Management Engine. La nne, lenye megabaiti 7, ndilo la BIOS yenyewe, nalo huanzia ndani ya chipu kubwa na kumalizikia katika ile ndogo. Kwa hiyo, anayedhani kwamba chipu moja ni BIOS na nyingine ni kitu kingine amekosea tangu mwanzo.

Zaidi ya hayo, faili inayopakuliwa kutoka tovuti ya mtengenezaji aghalabu si nakala ya chipu nzima. Ni kifurushi kilichokusudiwa kufunguliwa na programu maalumu ya mtengenezaji ndani ya mashine iliyo hai. Kukiandika kifurushi hicho moja kwa moja katika chipu ni sawa na kulisha mtu chakula pamoja na mkebe wake. Fundi hulazimika kuitoa sehemu ya BIOS ndani ya kifurushi, kisha kuiweka mahali pake katika ile nakala aliyoisoma, huku akihifadhi anwani ya mtandao, nambari ya utambulisho wa mashine na, katika vipakatalishi vingi vilivyouzwa tangu mwaka 2012, ufunguo wa leseni ya Windows. Asiye na nakala ya awali hana pa kuviweka wala pa kuvitoa.

Wapo wanaotatua tatizo hilo kwa kuomba nakala ya mashine nyingine. Wahenga walisema kwamba nguo ya kuazima haisitiri maungo. Mashine inayoandikiwa nakala ya mwenzake yaweza kuamka, lakini huamka ikiwa na utambulisho wa mwenzake. Hebu msomaji afikirie maabara ya shule yenye tarakilishi tano za aina moja zilizoandikiwa nakala ile ile. Zote tano zitajitambulisha kwa anwani moja ya mtandao, na mwalimu atashangaa kwa nini mawasiliano yanakatika kila mashine ya pili inapowashwa. Kosa halitaonekana katika kibanda cha fundi. Litaonekana darasani, mbele ya wanafunzi, wiki kadhaa baadaye.

Nakala ya kuazima ina hatari nyingine. Mwaka 2018 watafiti wa kampuni ya ESET walieleza kuhusu programu hasidi waliyoiita LoJax, iliyokutwa imejificha ndani ya chipu ya programu dhibiti. Programu ya namna hiyo haiondoki kwa kufuta diski wala kwa kusakinisha Windows upya. Hivyo, chanzo cha kwanza cha faili kiwe tovuti ya mtengenezaji, na cha pili kiwe nakala iliyosomwa kutoka mashine yenyewe. Faili isiyojulikana ilikotoka ibaki kuwa tumaini la mwisho kabisa, tena baada ya kuchunguzwa.

Kusoma kwenyewe kuna adabu zake. Kabla ya klipu kubanwa juu ya chipu, waya wa umeme na betri sharti viondolewe. Chipu isomwe mara mbili au tatu, na nakala zilinganishwe. Zikitofautiana hata kidogo, klipu haijashika vyema. Nakala ikitoka imejaa herufi FF kuanzia mwanzo hadi mwisho, fundi asiharakishe kusema kwamba chipu ni tupu. Chipu iliyofutwa husomeka hivyo, lakini hata klipu isiyogusa miguu yaweza kuleta matokeo yayo hayo. Nakala zikilingana na zikiwa na maudhui, zihifadhiwe katika diski, zikiwa na jina la mashine na tarehe. Akiba haiozi.

Kufuta, kuandika na kuhakiki

Ni baada ya hapo tu ambapo kufuta kunaruhusiwa. Chipu ya namna hii haiandikwi juu ya maandishi ya awali kama daftari la penseli lisilofutwa. Kuandika kunaweza kugeuza biti kutoka 1 hadi 0, lakini hakuwezi kuirudisha kutoka 0 hadi 1. Kurudisha ni kazi ya kufuta, na kufuta hufanyika kwa vitalu vizima. Anayesahau kufuta hupata mchanganyiko wa BIOS mbili usio na maana katika lugha yoyote.

Kuandika huweza kufanywa kwa njia mbili. Mashine iliyo hai huweza kujiandikia yenyewe kwa programu ya mtengenezaji. Njia hii ni rahisi, lakini umeme ukikatika katikati, mashine hubaki na nusu ya uhai. Ndiyo sababu watengenezaji wa vipakatalishi hutaka betri iwe na chaji na waya uwe umechomekwa. Mashine iliyokwisha kunyamaza huandikiwa kutoka nje, kwa kifaa na klipu vilivyotajwa. Kuna kanuni inayotangulia njia zote mbili: mashine inayofanya kazi vizuri isiandikwe upya bila sababu.

Tendo la mwisho ni kuhakiki, yaani kuisoma chipu tena na kuilinganisha na faili iliyokusudiwa. Programu huria ya flashrom, inayotumiwa na mafundi wengi duniani, hulifanya tendo hili yenyewe kila imalizapo kuandika, isipokuwa ikikatazwa. Anayekatisha uhakiki ili aokoe dakika mbili humrudishia mteja mashine asiyoijua hali yake.

Na mteja naye ana haki ya kuulizwa swali moja kabla ya kazi kuanza: je, diski yako imesimbwa kwa nywila? Ikiwa ufunguo wa diski umefungamanishwa na kijenzi cha usalama cha mashine, kubadilika kwa programu dhibiti huweza kuifanya mashine idai ufunguo wa akiba. Mteja asiye na ufunguo huo hatazifikia data zake, hata kama mashine imeamka salama. Kwa mwanafunzi ambaye tasnifu yake imo mle ndani na hana nakala pengine, kuamka kwa mashine hakutakuwa na furaha yoyote. Kuuliza si ujinga, nako hakugharimu kitu.

Hoja za wapinzani

Wapo watakaosema kwamba haya yote hayahusu Kiswahili. Alama zilizo juu ya chipu ni za Kilatini, mwongozo wa mtengenezaji ni wa Kiingereza, na fundi ameshajifunza kwa kuona. Hoja hii ina ukweli ndani yake. Hakuna anayependekeza kwamba W25Q64FV itafutiwe tafsiri. Ni jina, na majina huachwa yalivyo. Lakini maelezo ya matendo si majina. 'Soma kabla ya kufuta' ni Kiswahili kinachoeleweka na kila aliyemaliza darasa la nane, na uzito wake wa kiufundi haupungui kwa kusemwa hivyo.

Wengine watasema kwamba mafundi wana Sheng, na Sheng inatosha. Ni kweli kwamba inatosha pale bwana na mwanagenzi wanapoinamia ubao mmoja, mmoja akionyesha kwa kidole na mwingine akitazama. Maandishi, hata hivyo, ni kwa ajili ya asiyekuwapo. Mwanagenzi wa Lodwar au wa Lamu hawezi kuona kidole cha bwana aliye Nairobi. Anachoweza kukiona ni ukurasa, na ukurasa unaohitajika ni ule ulioandikwa kwa lugha inayoeleweka Lodwar, Lamu na Kigoma kwa namna moja.

Kundi la tatu litasema kwamba mashine za kisasa hujisasisha zenyewe, na baadhi zina chipu ya pili ya akiba au kitufe cha kuirejesha BIOS kutoka kifaa cha flashi. Hilo nalo ni kweli. Lakini hata kitufe hicho hudai faili iliyo sahihi, tena mara nyingi iliyopewa jina lile lile alilolitaka mtengenezaji, herufi kwa herufi. Tendo la kutambua halijaondoka. Aidha, si kila mwanafunzi ana mashine ya kisasa. Wengi hutumia vipakatalishi vilivyokwisha kutumiwa ng'ambo kabla ya kuletwa nchini, na ni mashine za umri huo ndizo hufika kwa fundi.

Upande wa pili wa lawama unawaangukia wasomi wa Kiswahili wenyewe. Kwa miaka mingi pamekuwa na mjadala kama chombo hiki kiitwe tarakilishi, kompyuta au ngamizi. Mjadala huo haukuwa wa bure, na kazi kubwa imefanyika. Mwaka 2004 mradi wa Kilinux, wenye makao katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ulitoa programu za ofisi za Jambo OpenOffice kwa Kiswahili, na haikuchukua muda Microsoft nayo ikatoa tafsiri zake. Lakini juhudi hizo ziligusa uso wa mashine: menyu, vitufe na madirisha. Hazikushuka hadi kwenye ubao mama, mahali ambapo mashine huponywa au huuawa. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, iliifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Hadhi hiyo itabaki ya karatasi ikiwa lugha hii haina ukurasa mmoja wa kumwongoza fundi namna ya kuihifadhi nakala ya chipu kabla ya kuifuta.

Hitimisho

Kinachopendekezwa hapa si kikubwa. Chama cha wanafunzi wa Kiswahili katika kila chuo kikuu kinaweza kuwatuma wanachama wawili au watatu kwa fundi aliyebobea, wakae naye kwa siku kadhaa, waandike kila anachokitenda kwa vitenzi vyake vyenyewe, kisha wakiandike upya kwa Kiswahili sanifu katika kurasa mbili au tatu. Pale fundi anapotumia neno zuri kuliko lililo kamusini, neno la fundi lichukuliwe. Kitenzi 'kuflashi' hakihitaji kupigwa marufuku. Kiachwe kiwe jina la kazi nzima, mradi matendo matano yaliyomo yatajwe moja baada ya jingine: tambua, soma, futa, andika, hakiki.

Rasimu itakapokuwa tayari, isipelekwe kwa jopo la wasomi peke yao. Apewe mwanagenzi wa chuo cha kiufundi ambaye hajawahi kuifanya kazi hiyo, pamoja na ubao mbovu usio na thamani, kifaa cha kuandikia na klipu. Asisaidiwe na mtu kwa mdomo. Atakapokwama, waandishi waandike ni sentensi gani iliyomkwamisha, na waisahihishe. Atakapomaliza, ubao uunganishwe na umeme na kitufe kibonyezwe. Kiwambo kikiwaka, mwongozo huo utakuwa tayari kuchapishwa katika jarida la chama na kubandikwa ukutani katika vibanda vya mafundi.